Filamu ya wavuvi haihitaji msimulizi: mtazame Vittorio De Seta

Mkuu mleta uzi, umeuliza kama filamu yako ya wavuvi wa kwenu lazima iwe na sauti ya msimulizi, kwa sababu umeambiwa bila hiyo watu hawataona maisha yanavyobadilika. Mimi nakushauri uiache. Aliyenifunza hilo ni mtengenezaji filamu Mwitaliano, Vittorio De Seta, mzaliwa wa Palermo, 1923.

Kati ya 1954 na 1959 alitengeneza filamu fupi kumi huko Sicilia, Sardinia na Calabria, sehemu za kusini mwa Italia, nyingi za dakika kumi hivi: wavuvi, wachimba salfa, wachungaji, wavuna ngano. Zama zile filamu za aina hiyo zilijaa sauti ya mtangazaji anayekueleza hata unachokiona kwa macho. De Seta akaiondoa. Alinasa nyimbo, kelele za kazi na upepo palepale, akaja kuzisuka na picha wakati wa kuhariri.

Tazama ile ya 1954 ya wawindaji wa nduaro, yule samaki mwenye pua kama upanga, kwenye mlangobahari wa Messina. Mtu yuko juu ya mlingoti, macho majini. Kimya. Ghafla anapiga ukelele, wapiga makasia wanajitupa kazini, sauti zinapanda, mwenye chusa amesimama tayari. Unajua nani anamtegemea nani, na hakuna aliyekuambia.

Nilipopiga filamu ya mafundi wa mashua Kilwa, mfadhili alishikilia msimulizi awepo. Nikamwonyesha kipande kimoja kwa namna mbili. Fundi mzee anakalafati: anasokota pamba, anaichovya mafuta, anaishindilia kwenye upenyo wa mbao, nyundo inagonga. Mlio ukiwa mtupu anasimama, anategesha sikio, anarudia palepale hadi ukaze. Hatua chache pembeni kijana anapaka boti ya faiba, na pale husikii nyundo hata moja, ni brashi tu. Chini ya maneno ya msimulizi haya yote yalizama. Tulipoyafuta, mfadhili mwenyewe akauliza, "Kwa hiyo nyundo hizi zinaisha?" Swali hilo ndilo nililolitaka, na alilitoa masikioni mwake.

Usidhani De Seta aliishia kwenye uvuvi. 1961 alitoa filamu ndefu ya wachungaji wa Orgosolo, kijiji cha Sardinia, akiwatumia wachungaji wenyewe. 1973 televisheni ya taifa ya Italia, RAI, ikaonyesha kazi yake kuhusu mwalimu na watoto wa pembezoni mwa Roma, nayo naiheshimu sana kwa namna anavyowaacha watoto wabishane. 1993 alirudi Calabria, na 2006 akamfuata Msenegali anayetafuta maisha Italia. Alifariki 2011. Kusini ile ile ambayo watu wake walikuwa wakihama, sasa ilikuwa inapokea wageni, na yeye alikuwepo ncha zote mbili.

Ukipata moja tu, tafuta I dimenticati (yaani "Waliosahauliwa") ya 1959, ya kijiji cha Alessandria del Carretto, Calabria, ambacho barabara ilikuwa haijakifikia.

Kwa kazi yako, pesa ya msimulizi nunulia maikrofoni nzuri yenye kinga ya upepo, maana ufukweni upepo utakuharibia kila kitu. Jina la mahali na msimu viweke kwa maandishi mafupi mwanzoni, kama alivyofanya yeye. Na kabla ya kuwasha kamera, kaa na wazee asubuhi nzima ukinasa sauti peke yake.