Piña colada ya nyumbani: anza na nazi, ramu itafuata

Kwa mwaka mzima nilikuwa natafuta ramu bora. Kila mshahara ukiingia napita duka la vinywaji na kubadilisha chupa: leo nyeupe, mwezi ujao ya dhahabu, kisha nyeusi, kisha ile yenye viungo. Piña colada yangu, kile kinywaji baridi cha ramu, nazi na nanasi, ikabaki vile vile. Tamu ya juu juu, nyepesi, na baada ya dakika tano mafuta yanaelea kwenye glasi kama mchuzi uliopoa. Wageni wangu pale Tabata walikuwa wanakunywa nusu kwa heshima, halafu wanaulizia bia.

Aliyenifumbua macho ni mama, na mama hajawahi kugusa pombe maishani mwake. Alikuja kutoka Tanga kunisalimia, akanikuta jikoni nafungua kopo la tui. Akaonja kwa ncha ya kijiko, akauliza, "Mwanangu, hili ni tui la ngapi?" Nikamwambia, mama, hili la kopo, halina la kwanza wala la pili. "Basi ni la pili," akasema, akachukua mtandio wake akaenda dukani kutafuta nazi.

Tangu siku ile ramu siihangaikii tena. Ninachokihangaikia ni kasimile, lile tui zito la kwanza linalotoka nazi ikiwa bado haijalainishwa na maji mengi. Ukiipata hiyo, robo tatu ya kazi umemaliza.

Kule Puerto Rico kilikozaliwa kinywaji hiki, nazi haiingii kwenye glasi kama tui la kawaida. Inaingia kama krimu nzito iliyopikwa na sukari, na kwao inauzwa ndani ya kopo. Hoteli ya Caribe Hilton ya mjini San Juan inasema mhudumu wake wa baa, Ramón Marrero, ndiye aliyeitengeneza piña colada kwa mara ya kwanza mwaka 1954. Mgahawa wa Barrachina wa mji huo huo nao umebandika kibao kinachodai ilianzia hapo mwaka 1963. Wao wenyewe hawajamaliza ubishi huo, ila mwaka 1978 Puerto Rico iliitangaza kuwa kinywaji chake rasmi. Ile krimu ya kopo ilikuja kuwaondolea kazi ya kukuna na kukamua. Sisi mbuzi ya nazi tunayo, na mashine za kukunia ziko masokoni. Sioni sababu ya kulipia bei kubwa kwa kitu ambacho jikoni kwetu kinatoka kizuri zaidi.

Chagua nazi iliyokomaa kweli. Itikise sikioni, maji yacheze ndani. Koroma halifai, nyama yake bado laini na haina mafuta ya kutosha. Nazi mbili kubwa zinatosha glasi nne. Zikune, mimina nusu kikombe cha maji ya uvuguvugu, si yanayochemka, kisha kanda kwa mkono kama dakika tatu. Usiharakishe hapa. Mkono ndio unaotoa mafuta. Kamua kwa kitambaa safi au chujio la nyuzi nyembamba, utapata kama kikombe kimoja cha tui linalogandamana na kijiko. Chicha usiitupe, iongeze maji ukamue tui la pili la wali au maharage ya kesho.

Hiyo kasimile iweke kwenye sufuria na sukari. Mapishi mengi ya nje yanasema sukari sawa kwa sawa na tui. Kwangu ni nyingi mno, maana nanasi letu tayari lina utamu wake. Kikombe kimoja cha tui natia nusu kikombe cha sukari na chumvi ya kubana kwa vidole viwili. Chumvi hiyo ndogo usiiache, bila yake nazi inapooza mdomoni. Moto uwe mdogo, koroga muda wote, na sukari ikishayeyuka tu, epua. Likichemka litakatika, na tui lililokatika halirudi. Nimewahi kulazimisha kulirudisha kwa blenda, likasimama sawa dakika chache, lilipokutana na barafu likaachana tena.

Ikipoa iweke friji, inakaa siku tatu bila wasiwasi. Utaikuta imeganda juu kama samli. Haijaharibika. Mafuta ya nazi huganda joto likishuka chini ya nyuzi 24 hivi, kwa hiyo iache mezani kidogo, joto la Dar litaifungua lenyewe, kisha ikoroge. Ukiitia kwenye blenda ikiwa ngumu utapata vipunje vya mafuta vinavyoshika kwenye meno, na hilo ndilo tatizo ninaloulizwa na watu wengi kuliko jingine lolote.

Sasa nanasi. Muuzaji atakuuliza, "La leo au la kesho?" Kwa parachichi au papai swali hilo lina maana. Kwa nanasi mwambie, kaka, nipe la leo. Nanasi likishakatwa shambani haliongezi sukari. Litageuka njano, litalainika, lakini utamu ni ule ule liliokuja nao. Linuse chini, upande wa kikonyo. Likinukia, chukua. Yale ya Kiwangwa, mkoa wa Pwani, ndiyo ninayoyapenda kuliko yote, na mara nyingi nayapata soko la Mabibo au Buguruni.

Limenye, ondoa macho, kata vipande vidogo, vitandaze kwenye sinia na uviweke friza usiku kucha. Watu wengi hupoza kinywaji kwa barafu. Barafu ni maji, ikiyeyuka inakuibia ladha, na hapa kwetu inayeyuka kabla hujakaa kitini. Nanasi lililoganda linafanya kazi ya barafu bila kuongeza hata tone la maji. Mimi natia vipande vinne au vitano tu vya barafu kwa blenda nzima, nilivyogandisha mwenyewe kwa maji ya kunywa. Tafadhali usinunue ile ya kuhifadhia samaki.

Jambo jingine: usibadilishe kasimile kwa maziwa ya ng'ombe. Nanasi lisilopikwa lina kimeng'enya kinachoitwa bromelaini kinachovunja protini. Ndicho kinachouwasha ulimi ukila nanasi jingi. Kikikaa na maziwa kwa muda, maziwa yanageuka machungu. Niliandaa jagi zima hivyo asubuhi kwa ajili ya wageni wa mchana, na mchana nikalimwaga lote. Liliniuma.

Ndimu ninayotumia ni ile ndogo ya kwetu yenye ganda jembamba. Limau halina ukali ule. Mapishi mengi ya piña colada hayataji ndimu kabisa, na hapo natofautiana nayo kwa moyo wote, kwa sababu nazi na sukari bila uchachu vinachosha baada ya mafunda matatu.

Kwa glasi nne: nanasi moja kubwa lililoganda, vijiko 12 vya chakula vya kasimile yenye sukari, maji ya ndimu mbili, na hiyo barafu kidogo. Saga mpaka sauti ya blenda ibadilike iwe laini. Onja. Nanasi likiwa kali ongeza kijiko cha kasimile, likiwa tamu sana ongeza ndimu.

Utaona ramu sijaitaja. Ramu haiingii kwenye blenda yangu. Nyumbani kwangu wanakuja watu wa kila namna: shangazi anayeswali swala tano, rafiki mjamzito, jirani aliyeacha pombe, watoto. Zamani nilikuwa natengeneza jagi mbili na ya wasiokunywa inatoka kama mtoto wa kambo, juisi ya boksi tu. Sasa nasaga moja, namimina glasi za wote kutoka kwenye chombo kimoja, na anayetaka ramu naitia kwenye glasi yake mwenyewe na kukoroga kwa kijiko kirefu. Shangazi anapokea glasi nzuri sawasawa na ya mwingine, na ana hakika na kilichomo. Uhakika huo ni heshima ambayo mgeni wako anakudai. Glasi zenye ramu naziwekea alama, kipande cha nanasi ukingoni, na sinia lake linakaa mbali.

Chupa ya ramu ilale friza tangu jana yake. Ya asilimia 40 haigandi kwenye friza ya nyumbani, na ikiwa baridi haiyeyushi ulichosaga. Ramu ya dhahabu ndiyo inayokaa vizuri na nazi, ile yenye harufu ya sukari iliyoungua kidogo. Nyeupe inafaa pia. Nyeusi inameza nanasi. Rangi isikubabaishe, kwani nyingine hutiwa karameli, na weusi peke yake si dalili ya umri. Konyagi ni kinywaji kingine, ladha yake haitakupa kitu hiki. Nunua duka unaloliamini, chupa iwe na stempu ya kodi na kizibo kisichochezewa. Bei ikiwa ya kushangaza, iache pale pale ilipo.

Kipimo changu ni vijiko vinne vya chakula, yaani mililita 60. Piga hesabu: mililita 60 za ramu ya asilimia 40 zina mililita 24 za pombe halisi. Chupa ya bia ya mililita 500 yenye asilimia 5 ina mililita 25. Glasi moja ni bia nzima, na kwa sababu nazi inaficha ukali, mtu anaimaliza kwa dakika kumi. Mgeni aliyekuja na gari nampa vijiko viwili tu, au simpi kabisa nikajua anarudi Kigamboni usiku. Wengine nawaambia mapema waje kwa bodaboda au teksi.

Umeme ukikatika usikate tamaa. Jina lenyewe, piña colada, kwa Kihispania ni nanasi lililochujwa. Usiku mmoja wa Desemba taa zilizimika wageni wakiwa wameshakaa. Nikaponda nanasi kwa mchi, nikachuja, nikatia juisi, kasimile, ndimu na barafu kwenye chupa pana ya kachumbari yenye mfuniko, nikaitikisa mpaka mikono ikafa ganzi. Ilitoka nyepesi kuliko ya blenda, lakini safi, na kuna mgeni mmoja hadi leo anaitaka hiyo ya kutikisa. Juu nilikuna kungumanga ya Unguja. Kuitia kungumanga ni desturi ya kinywaji kingine cha ramu, nanasi na nazi, kutoka visiwa vya Virgin vya Uingereza, na tangu usiku ule haikosekani kwenye glasi zangu.

Maganda ya nanasi yaoshe vizuri kabla ya kumenya, maana yana kazi. Asubuhi yake nayachemsha na tangawizi iliyopondwa na iliki mbili, nachuja, natia kwenye friji. Mama akiwepo, hiyo ndiyo anayoinywa, na jagi likiisha ananiuliza nanasi jingine tunanunua lini.