Usiombe Ruhusa kwa Mtu Mwenye Arosto

Wiki iliyopita kijana mmoja wa Mwanza aliniandikia kuuliza anunue lenzi gani ili waraibu wa dawa za kulevya anaowarekodi "wafunguke na kulia" mbele ya kamera yake. Nalijibu swali lake hapa kwa kirefu, kwa kuwa sote tunaotamani filamu zetu za hali halisi zioneshwe Zanzibar, Nairobi na mbali zaidi tumewahi kujiuliza jambo kama hilo.

Filamu yangu ya mwisho ilimhusu dada mmoja wa Temeke aliyeamua kuacha unga, yaani heroini, na kuanza tiba ya methadoni, dawa ya kumsaidia mraibu kuiacha, huduma ambayo Muhimbili iliianza mwaka 2011. Dawa hiyo hunywewa kila siku mbele ya mhudumu, na dozi moja humkinga mtu na arosto, yaani mateso ya mwili unaokosa unga, kwa takriban siku nzima. Utaratibu huo ndio uliopanga kazi yangu. Kabla ya kupata dozi, mtu ambaye viungo vinamuuma na jasho linamtoka atakubali lolote na kutia saini karatasi yoyote, hasa akiona una noti mkononi, na ridhaa ya namna hiyo haina thamani. Kwa hiyo nilimwomba ruhusa baada ya dozi, mwili ukiwa umetulia, nikamwomba tena kila tulipoingia katika jambo jipya, nikamweleza kwamba anaweza kuliondoa neno lake hata tukiwa kwenye uhariri.

Miezi ya mwanzo kamera ilibaki ndani ya begi. Nilikaa uani akisuka wateja wake, na mama yake akanizoea hata akawa ananituma sokoni kama mtoto wa nyumba hiyo. Tulipoanza kurekodi nilitumia lenzi ya milimita 35, ambayo hukulazimu usogee karibu kama mtu anayezungumza na mwenzake, ilhali lenzi ndefu hukuruhusu kuiba uso wa mtu kutoka ng'ambo ya barabara bila mwenyewe kujua. Nilikalia kigoda ili macho yetu yawe kimo kimoja. Kinasa sauti cha kifuani nilikivua kila alipokwenda kuonana na mshauri nasaha, kwa sababu mtu husahau kwamba amekivaa, na kusahau kwake hakukupi wewe haki ya kusikiliza.

Mhariri wa kituo kimoja cha nje, aliyekuwa tayari kutufadhili, alitaka sindano ionekane ikiingia mshipani. Nilipomweleza kwamba dada huyo hajidungi tena, alipendekeza aigize. Nilikataa, fedha zikaondoka, na maneno yake kwamba kazi yangu ina adabu kupita kiasi yananiuma hadi leo. Kutumia dawa za kulevya ni kosa chini ya sheria ya mwaka 2015, kwa hiyo uso unaotambulika katika tendo hilo unaweza kuwa ushahidi dhidi ya mwenye uso, na Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022 inazihesabu taarifa za afya kuwa nyeti. Filamu niliimalizia kwa fedha za kurekodi harusi.

Watazamaji wa kwanza walikuwa dada huyo na mama yake, sebuleni kwao. Aliomba niondoe sehemu iliyomtaja baba wa mtoto wake, nami niliiondoa ingawa ilikuwa na nguvu kuliko zote. Filamu hiyohiyo ndiyo iliyonipa tuzo yangu ya kwanza, na hakuna aliyewahi kuniuliza kilichokosekana. Ndugu zangu, acheni kununua machozi ya watu! Hakuna mtu mwenye deni la machozi kwako, wala umaskini wake haujakupa hati ya kuingia chumbani mwake.

Kwa hiyo, mdogo wangu wa Mwanza, lenzi ya mtumba itakutosha. Fedha itakayobaki ifanye nauli ya kurudi kwao mara nyingi bila kamera, na kabla ya mahojiano ya kwanza mtafute mshauri nasaha anayemhudumia mhusika wako, umwombe awe karibu siku hiyo, kwa maana anayesimulia maumivu ya zamani anaweza kurudia unga usiku uleule, wakati wewe umeshapanda basi.