Wahusika wangu wanapendana ila msomaji haamini, nakosea wapi?

SWALI: Naandika riwaya, Salma na Idi wanapendana toka sura ya 2, nimeeleza macho, tabasamu, moyo kudunda, vyote. Kinachowatenganisha ni Idi kuona meseji ya kaka yake Salma akadhani ni ya bwana mwingine. Watu 3 waliosoma wamesema hawalioni hilo penzi. Niongeze vipande vya mahaba? Sura ya 2 nimeiambatanisha uione.

JIBU: Usiongeze, punguza. Mi nahariri riwaya na hili nakutana nalo kila mara, mwandishi anatuambia moyo ulidunda, sawa, lakini hata aliyekimbizwa na mbwa moyo unamdunda. Msomaji anataka kujua kwa nini Idi na sio mwanaume mwingine. Mpe Salma kitu anachokiona kwa Idi ambacho wenzake wote kimewapita. Mfano Idi akiwa na hofu anacheka sana, watu wanamuona mtu wa raha tu, Salma peke yake ndo kagundua kile kicheko sio cha furaha, basi anatunga kisingizio anamtoa pale na wala hamwambii kwamba kagundua. Hapo neno penzi hujaliandika popote na msomaji kashaelewa.

Sasa hiyo meseji, jamani! Inaisha kwa simu moja ya dakika mbili, na msomaji ataiwaza hiyo simu kurasa zote zinazofuata. Kikwazo kikitoka kwenye tabia ya mhusika ndo kinashika. Kwenye Pride and Prejudice ya Jane Austen (1813) Darcy anamposa Elizabeth sura ya 34 kati ya 61, anakataliwa. Ndio, kuna uongo wa Wickham, afisa anayemchafulia Darcy jina, ambao Elizabeth ameuamini, ila hata ukiutoa Darcy bado ana kesi, kweli alimtenganisha dada yake Elizabeth na Bingley, mwanaume aliyekuwa anampenda, na hata wakati anaposa bado anajivuna. Zimebaki sura 27 na kila mmoja ana cha kujirekebisha. Wako Idi anajirekebisha nini?

"Nakupenda" za sura ya 2 futa, bakiza moja uipeleke mbali huko.

Halafu kuna hili la kiufundi, kwenye aya moja unaingia kichwani mwa Salma, unatoka, unaingia kwa Idi, kwa hiyo msomaji anajua majibu yote kabla wenyewe hawajaulizana. Andika upya siku wanayokutana kwa macho ya Salma tu, ya moyoni mwa Idi tuyakisie kama Salma anavyoyakisia.