Mama kumshitaki mwanawe kwa ajili ya nyumba: je, ni dhambi?

SWALI: Mimi ni mjane mzee. Nyumba niliyoirithi kwa baba yangu nilimwandikia mwanangu mkubwa, naye akaniahidi kwamba nitaishi humo na atanitunza mpaka kufa kwangu. Sasa anataka kuiuza, na ameniambia nitafute pa kwenda. Ndugu na wazee wa msikiti wanasema mama akimpeleka mwanawe mahakamani amekata udugu, na kwamba nisubiri kama alivyosubiri Nabii Yaaqub. Je, nikishitaki nitapata dhambi?

JIBU: Hapana, mama yangu, hutapata dhambi. Swali lako limeniumiza, kwa sababu maneno uliyoambiwa huambiwa wazee wengi waliodhulumiwa, na huambiwa kwa jina la dini.

Nabii Yaaqub alisema "subira njema" hali amepotelewa na mtoto na hana njia ya kumrudisha. Hata hivyo, katika Sura Yusuf aya ya 87, yeye huyo huyo anawatuma wanawe wakamtafute Yusuf na ndugu yake, na anawakataza wasikate tamaa na rehema ya Mwenyezi Mungu. Anayekisoma kisa hicho ili kumnyamazisha mama mwenye njia ya kuipata haki yake amekisoma nusu. Ama hilo la kukata udugu, Bukhari amepokea kwamba Maan bin Yazid alimshitaki baba yake mzazi kwa Mtume, rehema na amani zimshukie, kwa sababu ya dinari alizozitoa baba huyo sadaka zikaangukia mikononi mwa Maan, na Mtume akawaamua bila kumkemea mtoto. Ikiwa mtoto hakulaumiwa kwa kumfikisha baba yake mbele ya hakimu, mama atalaumiwa kwa dalili gani? Na Mtume ametuamrisha tumsaidie ndugu yetu hata anapodhulumu, akafafanua kwamba msaada huo ni kumzuia asidhulumu. Wazee hao walipaswa kwenda kubisha hodi kwa mwanao, siyo kwako.

Sasa hukumu yenyewe. Imepokewa kutoka kwa Ibn Umar na Ibn Abbas kwamba si halali mtu kutoa kipawa kisha akakirudia, isipokuwa mzazi katika alichompa mwanawe. Kwa hadithi hiyo madhehebu ya Shafi yanampa mzazi, baba au mama, haki ya kukirudisha kipawa maadamu bado kimo katika milki ya mtoto. Wanazuoni wa Hanafi hawaruhusu hilo, lakini naona hadithi iko wazi, tena Swahaba Bashir, baba yake Nuuman, alipompa mtoto mmoja na kuwaacha wengine, Mtume alikataa kushuhudia, akamwamrisha kufanya uadilifu baina ya watoto wake, naye akakirudisha alichokitoa. Zaidi ya hayo, mzazi asiyejiweza ana haki ya matumizi na makazi kwa mtoto mwenye uwezo, na kadhi anaweza kumlazimisha mtoto huyo.

Zingatia sana sharti la milki: nyumba ikishauzwa, haki ya kuirudisha imekatika. Kwa hiyo usingoje vikao vya ukoo visivyokwisha. Tuma kwa mwanao mtu mmoja anayemheshimu, mpe siku chache tu, na wakati huo huo omba zuio kwa msajili wa ardhi au mahakamani ili nyumba isihamishwe. Kusanya hati ya urithi wako, na uwatafute waliokuwapo alipotoa ahadi, kwani ahadi ya mdomo bila shahidi ni ngumu kuithibitisha.

Jambo moja nakusihi, mama: usimwombee mabaya, hata akikutolea vyombo nje, kwa kuwa dua ya mzazi dhidi ya mwanawe ni miongoni mwa dua zisizorudishwa. Dai haki yako, na umwombee uongofu.

Ukirudishiwa nyumba, iandikishe kwa jina lako mwenyewe, wala usimwandikie mtoto mwingine peke yake. Iache igawanywe kwa sheria ya mirathi baada yako.