Kama unataka kupinga mpiga kura, usingoje kura zihesabiwe

Agosti 2022 nilikuwa wakala wa mgombea wa uwakilishi wadi huku kwetu Kilifi. Tulishindwa kwa kura 27. Siku ya pili yake bosi wetu alituita kwake, akatupa daftari mezani. Ndani mlikuwa na majina 63, kayaandika kwa mkono wake. "Hawa wote si wa hapa. Waliletwa na matatu. Twendeni kortini!"

Mimi ndiye niliyemsindikiza kwa wakili, Malindi. Yule mama hakuwa na maneno mengi. Alipekua daftari, akauliza:

"Hawa wamo kwenye sajili ya kituo?"

Wamo.

"Walikuja na vitambulisho, mashine ikawatambua?"

Ndiyo.

"Na wakala wenu alitia sahihi Fomu 36A, ile ya matokeo ya kituo?"

Bosi akanigeukia mimi. Niliitia, tena bila kuandika lalamiko hata moja.

"Basi kesi yenu ilikuwa ya Mei," akasema. "Sasa tuko Agosti."

Wagombea wengi hawalielewi hili mpaka wachelewe. Mei ile tume ya uchaguzi ilikuwa imefungua sajili watu wakague majina yao. Ukiona jina lisilostahili, wakati wa kulipigia kelele ni ule, kwa maandishi, kwa afisa wa usajili. Sajili ikishaidhinishwa, aliyemo na mwenye kitambulisho ana haki ya kupiga kura katika kituo chake. Wakala huwezi kusimama mlangoni ukamfukuza kwa sababu humjui babake. Kifungu cha 83 cha Katiba kinataka mpiga kura awe raia mtu mzima, mwenye akili timamu, asiyewahi kuhukumiwa kwa kosa la uchaguzi katika miaka mitano iliyopita. Kisha kinaongeza kwamba mipango ya usajili na uchaguzi iwe ya kumrahisishia raia kupiga kura, si ya kumnyima. Kuwa "wa hapa" hakumo.

Tena huyo "mgeni" ni nani hasa? Wakili alianza kusoma majina kwa sauti, na namba 17 akawa binamu yangu! Anafanya kazi Changamwe, kajiandikisha nyumbani kama nusu ya vijana wa kijiji chetu, na matatu aliyokuja nayo alijilipia nauli. Niliona haya mpaka nikaangalia dirishani.

Bosi hakukata tamaa. Akataja 1 Septemba 2017, siku Mahakama ya Juu ilipofuta uchaguzi wa urais. Kila aliyeshindwa Kenya hii anaitaja. Wakili akamjibu kwamba pale dosari zilikuwa za mchakato wenyewe na zilithibitishwa kwa ushahidi, wala si kwa daftari la majina. Sheria ya Uchaguzi hairuhusu matokeo kufutwa kwa kasoro tu. Lazima uonyeshe kwamba kasoro iliharibu misingi ya uchaguzi au iligusa matokeo. Na hao 63, kura ikiwa ni ya siri, nani atasema walimpigia nani?

Halafu akataja gharama. Kesi ya wadi hufunguliwa kwa hakimu ndani ya siku 28, na dhamana ya gharama za kesi ni shilingi 100,000 ndani ya siku 10 baada ya kufungua. Ukishindwa, unaweza kuamriwa ulipe na gharama za mwenzako. Rufaa huenda Mahakama Kuu, kwa hoja za kisheria pekee. Bosi alifunga daftari lake.

Kama una mgombea wa 10 Agosti 2027, mtafutie vijana wawili wenye subira wakae na sajili wakati wa ukaguzi, kituo kwa kituo. Waanze na marehemu. Ukaguzi wa sajili uliofanywa na kampuni ya KPMG mwaka 2022 ulikuta majina 246,465 ya watu waliokwisha kufa. Kwetu naijua sababu moja: tunazika kwa kibali cha chifu, na cheti cha kifo hakifuatwi mpaka kuwe na shamba la kurithi. Na siku ya kura, mashine ikikataa vidole vya mtu, hakikisha Fomu 32A inajazwa mbele yako. Ukiona la kulalamikia, liandike kabla ya kutia sahihi.

Mimi nilianza na babu yangu. Tulimzika 2019, na cheti chake nilikipata mwaka jana tu, baada ya safari tatu za Kilifi mjini.