Maswali ya Wasomaji: Yule Mwanamfalme wa Kihindi ni Nani?

SWALI: Assalamu alaykum. Tumeangalia The Thief of Bagdad, ile picha isiyo na sauti ya 1924. Kuna mwanamfalme wa Kihindi anayekuja kumposa binti wa Khalifa. Babu ameshikilia kuwa ni Mhindi khasa, lakini jina lililoandikwa ni Noble Johnson. Jee, ni nani, na picha zake nyengine tuzipate vipi? (Msomaji, Wete)

JIBU: Waalaykumu salaam. Mwambieni babu, kwa adabu, kwamba huyo ni Mmarekani mweusi, mzaliwa wa Marshall, Missouri, mwaka 1881. Alikuwa mrefu, kifua kipana, rangi yake maji ya kunde. Kwenye mkanda wa nyeusi na nyeupe mtu wa aina hiyo hupakwa akawa Mhindi leo na Mwarabu kesho. Na babu asione haya: mwanamfalme wa Uajemi kwenye picha hiyo hiyo, yule mnene mwenye sharubu, ni mwanamke, Mathilde Comont.

Johnson hakuwa steringi wa studio kubwa, ila kazi haikumkauka. 1922 alikuwa Friday, mtumishi wa Crusoe, katika The Adventures of Robinson Crusoe, 1923 akawemo katika The Ten Commandments, na 1924 akawa chifu wa wala watu katika The Navigator ya Buster Keaton. Tazameni orodha hiyo vizuri: mtumishi, mgeni wa mbali, mla watu. Mtu mweusi wa kawaida, mwenye elimu na kazi yake, studio hazikumpa acheze. Alimcheza kwenye kampuni yake mwenyewe, Lincoln Motion Picture Company, iliyoanzishwa 1916. Picha yao ya kwanza ilimhusu kijana aliyesomea uhandisi Tuskegee, chuo cha watu weusi, akaenda California akapata kazi ya kutafuta mafuta. Mshahara wa studio ndio uliokuwa ukimsaidia kuendesha kampuni, na 1918 akajitoa. Nduguye George, aliyekuwa mfanyakazi wa posta Omaha, alizihifadhi karatasi zao. Leo ziko UCLA, chuo kikuu cha Los Angeles.

Kuzitafuta: msianze na steringi, anzeni na jina lake na mwaka. Picha nyingi za miaka ya 1910 ziliandika majina ya wakubwa tu, kwa hiyo kutokuwepo kwa jina si ushahidi kwamba hamo. Simamisheni picha pale anapogeuka upande, mtazame sikio, mabega na mwendo. Ndevu hubandikwa na ngozi hupakwa, lakini umbo la sikio halibadiliki. Zikikosekana kabisa, msishangae: uchunguzi uliotolewa na Maktaba ya Bunge la Marekani 2013 ulikuta picha ndefu zisizo na sauti karibu 11,000, na asilimia 14 tu ndizo zilizobaki kamili katika mkanda wa asili. Mkanda wa naitreti, uliotumika wakati ule, huwaka kama petroli, na ukiachwa kwenye joto na unyevu hugeuka gundi, kisha unga.

SWALI: Mbona kwenye picha hizo zisizo na sauti watu wanakimbia kama sisimizi? (Msomaji, Michenzani)

JIBU: Kosa si la waigizaji: picha zilipigwa kwa mwendo wa polepole, zikaonyeshwa kwa mwendo wa haraka. Futi moja ya mkanda wa milimita 35 ina fremu 16, yaani vipicha 16, na rili moja huwa kama futi 1,000. Ikizungushwa fremu 16 kwa sekunde, inachukua dakika 16 na sekunde 40. Ikionyeshwa kwa 24, mwendo wa picha za sauti, inaisha kwa dakika 11 hivi. Kwenye VLC, programu ya kuonyesha video, bonyezeni alama ya [ kupunguza mwendo, na = kurudi kawaida. Anzieni 0.75: picha iliyopigwa kwa fremu 18, 18 ukigawa kwa 24 ni hiyo. Za katikati ya miaka ya 1920 zilipigwa haraka zaidi, jaribuni 0.85 au 0.9. Kipimo ni maji yanayomiminwa au nguo inayoanguka, si mwendo wa mchekeshaji, kwani yeye aliharakishwa kusudi. Muziki zimeni, utavutika vibaya. Nakala nyengine zimesharekebishwa. Hizo mkizipunguza, watu watatembea kama wamo baharini.

SWALI: Skuli yetu inatengeneza picha fupi ya mtindo huo. Mbona midomo ya waigizaji wa zamani ni myeusi, na sisi tuvae nini? (Mwalimu, Chake Chake)

JIBU: Mkanda wa wakati ule haukuiona rangi nyekundu. Mdomo mwekundu ulitoka mweusi, na macho ya buluu yakatoka kama ya kipofu. Mkanda unaoona rangi zote ulienea mwishoni mwa miaka ya 1920.

Kwa kamera ya leo, rekodini kwa rangi, kisha kwenye programu ya kuhariri geuzeni nyeusi na nyeupe huku mkiipunguza nyekundu na kuipandisha buluu. Kisutu msimvishe mtu: nyekundu na nyeusi zitaungana, nakshi yote ipotee, libaki doa jeusi lenye vipande vyeupe. Kanga ya buluu itatoka karibu nyeupe. Ngozi yetu nayo ina wekundu, hivyo nyuso zitazama gizani. Pimeni mwanga usoni, si ukutani, kwa sababu ukuta wa chokaa huidanganya kamera. Mtu wa pili ashike shuka jeupe chini ya kifua cha mwigizaji, nje ya picha, limrudishie jua. Rangi ya mdomo iacheni, ukimpaka kidogo tu atatoka kama amekula zambarau.