Nikibadilisha maneno, mwongozo utakuwa wangu?

SWALI: Nafundisha shule ya msingi na nataka kuandika upya mwongozo wa zamani wa sayansi na hisabati kwa ajili ya wanafunzi wangu. Mwenzangu ananishauri niupitishe kwenye programu inayobadilisha maneno kwa visawe, halafu nisahihishe palipoharibika. Je, hapo kazi itakuwa yangu? Na watoto wataielewa?

JIBU: Mwalimu wangu, la kwanza nalijibu upesi: hapana. Hakimiliki hailindi ukweli kwamba mmea hufyonza maji, ila hulinda namna mwandishi alivyoueleza. Ukifuata sentensi zake moja baada ya nyingine na kubadilisha maneno tu, bado unatembea juu ya kazi yake, na kwa hilo unahitaji ruhusa.

La watoto ndilo linaloninyima usingizi. Nahariri vitabu vya shule za msingi, na miswada iliyopitishwa kwenye programu hizo naijua tangu ukurasa wa kwanza. “Tafuta eneo la mstatili” inageuka “tafuta mahali pa mstatili”. Tungamo inageuzwa uzito, ilhali tungamo hupimwa kwa kilogramu na uzito kwa nyutoni. Istilahi ya somo haina kisawe. Iache ilivyo, kwa sababu ndiyo mtoto atakayokutana nayo kwenye mtihani. Vitenzi vya maswali navyo usiviguse ovyo. “Taja” hudai majina tu, “eleza” hudai maelezo. Ukibadilisha kimoja kwa kingine umetunga swali jipya na majibu ya mwisho wa kitabu hayalingani nalo tena.

Halafu kuna upatanisho. Chakula kikigeuka mlo, “hiki kina” lazima iwe “huu una”, na programu nyingi hapo huteleza. Mtoto anayejifunza kusoma huliamini kosa hilo kwa kuwa limechapishwa.

Fanya hivi. Chukua sentensi “Mizizi hufyonza maji na madini kutoka ardhini.” Kwa visawe utapata “Mizizi hunyonya maji na madini toka udongoni”, ambayo haimsaidii mtu. Sasa funga kitabu, mfikirie mwanafunzi wako wa darasa la nne, umweleze: “Mmea hauna mdomo. Maji yaliyo udongoni, pamoja na madini yaliyoyeyuka ndani yake, huingia kupitia mizizi, hupanda kwenye shina, hufika kwenye majani.” Hiyo ni yako. Mpangilio ni wako, mfano ni wako, na mtoto ameona maji yakisafiri. Ndipo ufungue kitabu tena kuhakiki ukweli.

Visawe vina nafasi yake, nami navipenda sana, hasa kwenye kifungu cha ufahamu ambako mtoto anaongeza msamiati. Huko mwekee “furaha” hapa na “bashasha” pale, umwache abaini tofauti.

Ukimaliza sura, msomee mtoto mmoja kwa sauti ukiwa na kalamu mkononi. Anapokukatiza kuuliza, piga mstari hapo hapo. Sentensi hiyo ndiyo ya kuandika upya.